Kumbe kuta zilikuwa za zambarau: nimerudia msimu wa kwanza wa Friends kwa HD

Naanza na ukuta maana ndo ulionifanya nisimamishe picha usiku ule wa kwanza. Mi nimekua najua nyumba ya Monica, mmoja wa marafiki sita wa hii komedi ya Marekani, ina kuta za bluu ya kukolea, dada yangu amekua anajua ni za kijivu, na tulishawahi kununiana siku nzima kwa ajili ya huo ukuta, watoto tulikuwa lakini ugomvi ulikuwa wa kweli kabisa. Sasa nimeweka episodi ya kwanza, toleo la HD, yani lile la picha safi ya kisasa, kamera inaingia tu sebuleni kwa Monica nikaona zambarau. Zambarau ya wazi, haina mjadala. Nikapiga picha skrini nikamtumia dada, sikuandika neno. Akajibu baada ya dakika kama mbili: "Usiendelee. Nisubiri nije."

Ngoja nieleze tulikuwa tunaangaliaje zamani. Tulikuwa na TV ya chogo, ndogo, na kaseti ambayo ilinakiliwa kutoka kwenye kaseti nyingine ambayo nayo ilinakiliwa, na kila kaseti inaponakiliwa picha inafifia, rangi zinavuja nje ya mistari, mpaka ikifika kwako uso wa mtu ni pua na kivuli cha mdomo. Chenga kila baada ya muda. Sauti ndo ilikuwa afadhali. Dada amenizidi miaka saba na Kiingereza alikuwa anakijua, mi sikuwa najua kitu, kwa hiyo yeye ndo alikuwa mkalimani wangu, anakaa upande wa kushoto wa mkeka anatafsiri huku anacheka, mi nasubiri acheke amalize ndo anipe maana na mi nicheke. Nilikuwa nacheka nimechelewa sekunde kama kumi hivi, kila siku. Nilizipenda zile sekunde kumi, niseme tu ukweli.

Kwa hiyo niliposema narudia, nilikuwa nafikiri narudia kitu ninachokijua. Nina misemo yao kichwani, najua nani anaingia mlango gani. Sikujua kwamba nusu ya picha sijawahi kuiona.

Watu wengi wanadhani HD ya komedi ya zamani ni kompyuta tu imesafisha picha ya zamani, na mi nilidhani hivyo. Sivyo. Friends ilianza kurushwa Septemba 22, 1994 kwenye kituo cha TV cha NBC cha Marekani, na TV za Marekani wakati huo zilikuwa zinaonyesha mistari 480 tu ya picha, lakini kamera zilizokuwa zinapiga pale studio zilikuwa za filamu, ile filamu ya milimita 35 ya sinema. Filamu hiyo inabeba maelezo mengi kuliko TV yoyote ya miaka ile ingeweza kuonyesha. Yani vile vitu vilikuwa vimeshapigwa, nyuzi za sweta, vumbi kwenye kioo cha dirisha, vyote vilikuwepo kwenye negativu, ile filamu yenyewe iliyopita kwenye kamera, vinasubiri skrini ya kuvionyesha. Sasa kwa kuwa uhariri wa kipindi ulifanyika kwenye video, ilibidi warudi kwenye negativu zenyewe, waziskani upya, halafu waunge kila episodi kipande kwa kipande ifanane na ile ya mwanzo, ndo zikatoka diski za Blu-ray mwaka 2012. Kazi kubwa sana ile. Na ndo maana kuna komedi zingine za miaka hiyohiyo, kwa mfano The Fresh Prince of Bel-Air, haziwezi kupata picha ya namna hii kamwe, maana zilirekodiwa kwenye video tepu moja kwa moja na tepu haina kitu cha ziada ndani yake, ulichokiona ndo kilichopo.

Huu utaratibu wa kupiga komedi kwa filamu, kamera kadhaa kwa mpigo na watazamaji wamekaa mbele, ulishika mizizi kwa I Love Lucy mwaka 1951, Desi Arnaz, mwigizaji na mtayarishaji wake, na mpiga picha Karl Freund walipoamua kutumia kamera tatu za milimita 35. Kila nikiliwaza hilo nawashukuru wale watu. Walikuwa wanatengeneza kipindi cha wiki moja halafu wakakipa picha ya kudumu miaka.

Basi dada akaja Ijumaa. Episodi 24 za dakika kama 22, ukijumlisha hazifiki hata masaa 9, tukasema tutamaliza wikiendi hiyohiyo. Tulichukua wikiendi tatu kwa sababu ya kusimamisha simamisha.

Cha kwanza kabisa dada alichosema ni "mbona inaonekana kama video ya sherehe?" Na alikuwa sahihi, hata mi kuna kitu kilikuwa kinanisumbua usiku ule nikashindwa kukitaja jina. Watu wanateleza mno, kila mwendo umelainishwa, seti inaonekana mbao tupu. Kumbe ni TV yenyewe. TV nyingi za siku hizi zinakuja zimewashwa kile kipengele cha kulainisha mwendo, filamu ina picha 24 kwa sekunde, TV inatunga picha za katikati kujaza nafasi, basi kitu cha sinema kinageuka kuwa kama taarifa ya habari. Ingia kwenye mipangilio ya picha, kizime, na ule ukali wa picha uliozidi uushushe. Nilivyozima tu tukarudi kwenye punje za filamu, zile chembechembe zinazocheza taratibu kwenye ukuta, na dada akasema sasa ndo yenyewe. Kama kuna mtu anataka kurudia komedi yoyote ya zamani aanze hapo kabla hajaanza kulalamika kwamba HD imeharibu.

Rangi ya kuta nayo tuliisoma baadaye. Aliyebuni seti, John Shaffner, ndo aliyeitaka hiyo zambarau, ili mtu akiwa anabadilisha chaneli akiiona tu ajue amefika wapi. Nikamwambia dada, ona, mtu alipaka ukuta ili tuutambue kwa haraka halafu sisi tumegombana miaka.

Halafu namba ya mlango. Mlango wa Monica mwanzoni umeandikwa 5, na wa akina Chandler 4, baadaye zikabadilika kuwa 20 na 19, kwa sababu watengenezaji waligundua namba ndogo haiendani na nyumba iliyo ghorofa ya juu. Kwenye kaseti yetu hapo palikuwa na doa tu jeupe. Dada alifurahi na hiyo 5 utadhani ameokota dhahabu, akawa kila mlango ukifunguka anainama mbele kuangalia kama bado ni 5.

Ila kilichonishika zaidi ni sura zao. Ni watoto! Mi nilipokuwa nawaangalia utotoni walikuwa watu wazima kabisa, wenye nyumba, wenye kazi, nilikuwa nawaza nikiwa mkubwa nitakuwa hivi. Sasa nimewapita umri. Matthew Perry, yule Chandler, ndo alikuwa mdogo kuliko wote sita, kipindi kinaanza kurushwa ana miaka 25. Lisa Kudrow, yule Phoebe, mkubwa wao, ana 31. Kwenye HD unaona ngozi changa, unaona macho ya mtu ambaye hajui kama kesho ana kazi, na kweli walikuwa hawajui. Kuna ile habari ya James Burrows aliyeongoza episodi ya kwanza, aliwachukua wote sita akawapeleka Las Vegas kabla kipindi hakijarushwa, akawaambia hii ndo mara yenu ya mwisho kutembea pamoja hadharani bila kutambuliwa. Nilikuwa naijua hiyo habari lakini nilikuwa sijaiona usoni kwao. Angalia episodi tatu nne za mwanzo halafu angalia za mwisho wa msimu, mabega yameshuka, wanakaa kwenye lile kochi la chungwa la mgahawani kama la kwao.

Lakini jambo lenyewe ninalotaka kusema ni la pembeni mwa picha. TV ya zamani ilikuwa karibu mraba, nne kwa tatu, na toleo la HD ni pana, kumi na sita kwa tisa. Kwenye shoti nyingi waliporudi kwenye negativu walifungua pande zote mbili, sehemu ambazo mwaka 1994 zilikatwa, na zingine walipunguza kidogo juu au chini ili itoshee. Kuna ubaya wake, kwa sababu pembeni kulikuwa hakujapangwa kuonekana, ukifika misimu ya mbele kuna sehemu unamwona hadi mtu aliyesimama badala ya mwigizaji. Pia kuna sekunde mbili tatu humo ndani picha inashuka ubora ghafla halafu inarudi. Tulizoea.

Ila uzuri wake ni kwamba sasa unamwona anayesikiliza. Zamani picha ilikuwa inabana kwa anayeongea. Sasa Monica anaongea na huku mwisho wa kochi Phoebe amekaa anasikiliza, na Lisa Kudrow anajua kusikiliza jamani, yani uso wake unaipokea stori taratibu, unaona ilipofika, unaona pale alipoielewa vibaya, na yote hayo yeye hajapewa hata mstari mmoja wa kusema. Niliacha kuangalia wanaoongea. Episodi kama mbili nzima niliangalia wasioongea tu, na nikagundua kicheko cha watazamaji mara nyingi hakiji kwenye maneno, kinachelewa nusu sekunde mpaka mwingine apokee. Na kile kicheko ni cha watu kweli, kama 300 hivi walikuwa wanakaa pale studio ya Warner Bros. kule Burbank, na utani ukigoma waandishi wanakaa palepale wanaubadilisha. Wale 300 walikuwa wanaona kitu kizima. Sisi tulikuwa tunaona kipande.

Hapo ndo nije kwenye episodi ya saba, ile umeme unakatika. Ilirushwa Novemba 3, 1994. Hii kwenye kaseti yetu ilikuwa redio. Nyumba ya Monica inawaka mishumaa tu, na giza kwenye kaseti iliyonakiliwa mara tatu ni giza kweli, tulikuwa tunaona vidoa vya njano vinaelea na sauti zinaongea. Ross yuko nje kwenye kibaraza na Rachel, anajikaza amwambie kwamba anampenda, halafu kuna kelele, halafu tunarudi ndani, Joey na Monica na Phoebe wanaimba. Wanaimba vizuri tu. Na watazamaji wanacheka kufa. Wanacheka, wanaendelea kucheka, wimbo unaendelea.

Nakumbuka nilimuuliza dada, wanacheka nini? Akasema, wanacheka kwa sababu wanaimba vibaya. Nikamwambia mbona hawaimbi vibaya. Akasema kwa Kiingereza hiyo ni vibaya. Nikakubali. Miaka yote nimekaa nikijua kwamba kuna namna ya kuimba ambayo kwa Kiingereza inachekesha.

Sasa tumekaa Jumamosi usiku tunaangalia. HD na giza vinapatana vizuri ajabu, mshumaa mmoja unaona umeangaza shavu la mtu mpaka wapi na kivuli kimeanzia wapi. Ross yuko kibarazani, anakaribia kusema, paka anamrukia. Tunarudi ndani, watatu wanaimba, na nyuma yao kuna dirisha. Dirisha kubwa lile. Na nje ya dirisha, nyuma ya migongo yao, Ross anapambana na paka. Anazunguka, anainama, anapotea chini ya dirisha, anaibuka upande mwingine paka bado amemng'ang'ania, na wale ndani wanaimba kwa amani zote hawajui lolote.

Nilirudisha nyuma mara nne. Dada hakucheka mara ya kwanza. Aliangalia tu, mkono mdomoni.

Halafu akasema, taratibu, "Mimi nilikuwa sioni kitu pale. Nilikuwa naona giza kama wewe. Ila ulikuwa umenigeukia unasubiri nikwambie."

Tukakaa kimya kidogo. Ndo akaanza kunihesabia zingine. Kile kijiko kwa mfano. Mwisho wa episodi ya kwanza Ross anamuuliza Rachel kama siku moja anaweza kumwomba watoke, Rachel anasema labda, Ross anaondoka, Monica anamuuliza una nini wewe, Ross anajibu kwamba ameshika kijiko. Dada alinitafsiria hivyohivyo, "ameshika kijiko", na nilipouliza kijiko gani akasema alikuwa anakula. Kumbe katikati ya episodi Joey alimwambia Ross wanawake ni kama ladha za aiskrimu, ziko nyingi, shika kijiko. Kaseti yetu ilikuwa inaruka hapo, hicho kipande kilikuwa chenga tupu, kwa hiyo hata dada alikipokea kijiko kimetoka hewani. Akatunga. Alikuwa na miaka kumi na tano, mdogo wake anamkodolea macho, angefanyaje.

Nimeliwaza sana hili tangu wikiendi ile. Mi nilikuwa naangalia TV na yeye alikuwa ananiangalia mimi, kila utani ana sekunde chache za kuamua aniambie nini ili nisibaki nje ya kicheko. Sikuwahi kugeuka nikaona uso wake anapofanya hivyo. Nilikuwa nageuka amalize, nipokee, nirudi kwenye skrini.

Ile episodi ya umeme kukatika ina pia kile kipande cha Chandler amefungiwa kwenye chumba cha mashine ya kutolea pesa benki, yeye na mwanamitindo Jill Goodacre, na karibu muda wote haongei, tunasikia mawazo yake tu huku uso unacheza. Perry anafanya kazi nzima kwa macho na shingo. Pale anapopewa pipi ya ubani, anapuliza, inaruka, anachukua iliyobandikwa ukutani ambayo si yake, anakabwa, kwenye HD unaona kila hatua ya uso kabla hajaamua jambo la kijinga. Alifariki Oktoba 28, 2023, ana miaka 54. Nilikuwa nahofia kufika kwake, nilidhani nitaona huzuni kila mahali. Sikuona huzuni, nilimwona kijana mwenye bidii isiyo ya kawaida, anafukuzia kila silabi. Dada alisema muache tucheke, kazi yake ndo hiyo, na tukacheka.

HD imetunyima kitu kimoja na nitakisema. Kuna maneno dada aliyakumbuka kutoka DVD tulizozipata baadaye na humu hayapo, akabishana na TV kabisa. Alikuwa sahihi tena. DVD zile zilikuwa na episodi zilizorefushwa, zina vipande vya ziada ambavyo havikurushwa, na HD imefuata urefu wa kwenye TV. Kwa hiyo kama una DVD zako usizitupe. Picha mbaya zaidi lakini kuna vicheko humo ambavyo hutavipata hapa.

Tulimaliza Jumapili ya wiki ya tatu. Episodi ya 24, Rachel ameshajua kwamba Ross anampenda, amekwenda uwanja wa ndege kumpokea anatoka China, amesimama palepale mlango wa abiria, maana miaka ile Marekani ulikuwa unaruhusiwa kumsubiri mtu mpaka mlangoni pa ndege hata kama husafiri. Ross anatoka na Julie, mpenzi wake mpya. Rachel hajawaona bado. Anatabasamu, ananyoosha shingo kutafuta.

Dada akachukua rimoti akasimamisha hapo. Akainuka, akasogea karibu na skrini, akawa anaangalia pembeni kulia, pembeni kushoto, watu wa nyuma, mabegi, kila kitu.

"Unatafuta nini?"

"Subiri," akasema. "Sijamaliza huku."

Nikasubiri. Nilimwangalia yeye, amevaa miwani siku hizi, amekunja uso, taa ya TV imempiga shavu moja.